Maji kwenye Chupa ya Mlangoni

Baba Watoto,

Mpe kitindamimba maji ya chumvi na sukari, kijiko kijiko. Mashuka aliyotapikia nimeloweka.

Mwezi mzima nikitoka wodini unanisimamisha mlangoni nipake sanitaiza, kama vile mimi ndiye ugonjwa. Kumbe asubuhi hii nakukuta unaongeza maji kwenye chupa, eti idumu! Spiriti ukishaizimua hivyo haiui virusi. Na hivi vya kutapisha, hata iliyo kali haivitishi. Vinataka sabuni na maji mengi. Nilikwambia, ukasema mimi nesi tu, nisijifanye daktari.

~~Leo nalala kwa dada.~~ Nitarudi saa kumi, kwa ajili yake, si yako.

Sabuni iko kwenye sinki. Nawa kabla hujamshika mwanangu.

Mama Watoto