Ulivyomkatalia Mshenga Wangu

Madam Bibi wangu mpendwa,

Nimeolewa! Leo ni siku ya kumi na mbili, na bado kila nikiamka nautazama mkono wangu wenye hina nacheka peke yangu. Idrisa ndiye atakayekugeuzia barua hii kwa Kiingereza, kisha mwanao akusomee kwa lugha yenu, kwa hiyo sifa za Idrisa nitazipunguza asije akavimba kichwa.

Unakumbuka Ijumaa zetu pale Rashidiya, nilipokuwa nikifanya kazi za ndani kwa mwanao? Mwanao na mkewe wakitoka tu, unaniita niache pasi, unaweka kaseti yako ya filamu isiyo na rangi, tunakaa zuliani. Mle kwenye filamu una miaka kumi na tisa, binti wa fundi viatu kutoka Slovakia, umesimama mlangoni mwa kinu cha kusaga unga ukiwafukuza wachumba kwa macho tu. Nilikuuliza mbona husemi. Ukanieleza kwa Kiingereza chetu kibovu kwamba ulipofika Prague walikucheka lafudhi yako, ndiyo maana ulijifunza kukataa kwa macho.

Siku nyingine ukaniambia kwa nini kaseti ni chache. Wakubwa wa serikali walikuita ofisini, wakakupa karatasi ya kumlaani mwongozaji aliyekufundisha kazi, uisome mbele ya watu. Ukakataa. Miaka kumi na moja hukuonekana kwenye filamu. Ukabaki kutia sauti katuni za watoto, wewe ukiwa kalunguyeye, yule mnyama mdogo wa miiba. Ukaniigizia huyo kalunguyeye, nikacheka mpaka shati la sir, mwanao, likaungua kwenye pasi.

Basi mama yangu aliposema kwenye simu kutoka Kondoa kwamba msichana hapokei posa yake mwenyewe, nitafute mtu mzima akae mahali pake, sikuwa na mwingine wa kumwomba. Ulikubali kabla sijamaliza. Nikakufundisha: mshenga akiomba, unakataa kidogo, ndiyo heshima ya binti, akibembeleza, unamkaribisha. Wiki nzima ulizunguka jikoni ukirudiarudia maneno yale ya Kiswahili kama mtoto wa madrasa.

Bwana Hamad, Mzanzibari anayefanya kazi na Idrisa kwenye ghala la Freezone, akaja kama mshenga baada ya Alasiri na kanzu iliyonyooka. Idrisa alibaki garini. Mimi nilikuwa nyuma ya pazia la jikoni. Akasema wamesikia nyumba hii ina ua, nao wamekuja kuliomba.

Ukamtazama kwa macho yale ya kwenye kinu. "Ua letu bado changa."

Wewe unangoja abembeleze, maana mwigizaji hasemi lake kabla mwenzake hajasema la kwake. Yeye anajua Mzungu akikataa amekataa. Nikasikia kikombe kinawekwa mezani.

"Basi, mama, tumeelewa. Khalas."

Nikasikia viatu, halafu mlango. Mila inanikataza kutoka. Nikanong'ona kwa nyuma ya pazia, "Madam Bibi, anaondoka kweli."

Ulikimbia peku, wewe mwenye magoti mabovu, juu ya lami iliyoshika moto, ukakigonga kioo cha gari ukiita, "Karibuni! Karibuni! Binti ni wenu!" Mtaa mzima ukasikia kwamba nimeposwa. Idrisa alikuwa ameshaanza kulia mle garini. Anakana, lakini ni Hamad aliyeniambia. (Idrisa, na hili lifasiri.)

Nilipokuwa nakupaka mafuta nyayoni, ukasema, "Hapana yangu ya kweli ilinichukulia miaka kumi na moja. Hii ya mchezo nusura ikuchukulie mume."

Ulirudi kwenu kabla ya harusi. Tulikuwekea kiti chako mbele, na hakuna aliyethubutu kukikalia. Nilikitazama kila vigelegele vilipopigwa, na nikajua kwamba mwanamke aliyekataa kumsema vibaya mwalimu wake alikuwa mtu sahihi wa kunisemea mimi.

Chumba chetu ni kidogo, dirisha moja, nami naona ni jumba la mfalme. Jioni Idrisa akirudi kazini hafungui kwa ufunguo. Anabisha hodi, anasema amesikia humu kuna ua. Mimi namjibu bado changa, kisha nanyamaza, nasikiliza.

Anabembeleza, Madam Bibi. Kila siku anabembeleza.

Njoo baridi ikianza kwenu. Kiti ni kile kile.

Ni mimi, binti yako wa nyuma ya pazia,
Zuhura