Kifungu cha Tano

12 Machi

Shikamoo mama,

Goti linaendeleaje? Mimi mzima, kazi tu ndiyo inanikondesha.

Nimepata picha za nyumba. Mama, kulia kumekuwa kushoto. Jiko limekaa pa chumba chako, na mlango uliopaswa kuelekea barabarani unatazama ukuta wa jirani. Ramani ile niliichora kwa mkono wangu, wiki tatu nzima. Nimeshamwambia wakili afungue kesi: fundi abomoe, ajenge upya. Wewe utaniwakilisha. Usimwonee huruma.

Mwanao

2 Mei

Marahaba mwanangu,

Goti halijambo, ngazi za mahakama zimelinyoosha. Fundi wako, huyo tunayemwita Pimamaji kwa kuwa hata meza ya chai huipima kabla ya kukaa, alimwambia hakimu neno moja tu: "Mheshimiwa, nilijenga nilichokiona ukutani." Hakimu akatutoa nje tukapatane.

Tumekaa kwenye benchi la korido, mimi, yeye na wakili. Atatoboa mlango upande wa barabara na kuujengea baraza, ule wa sasa aufanye dirisha. Wewe uache habari ya kubomoa. Mimi nimeridhika, jua la asubuhi linaingia jikoni hadi kwenye masufuria. Mkikubaliana, hakimu ataiandika suluhu iwe amri. Rasimu hii hapa, tia sahihi.

Mama yako

20 Mei

Shikamoo mama,

Natumai u mzima. Sisaini. Mtu hajui kulia na kushoto, halafu tumshukuru kwa baraza? Abomoe.

Mwanao

28 Mei

Mwanangu,

Sijambo mwili, moyo ndio una kazi.

Ni mimi. Karatasi ya ramani yako ilikuwa nyepesi, wino unaonekana pande zote mbili. Niliibandika ukutani ili fundi asiichafue kwa saruji, nikaibandika kinyume. Nawe hukuandika neno hata moja, mistari mitupu. Niligundua siku ya kupaua nikafyata mkia, maana nilijua ulivyojinyima kwa ajili ya nyumba ile. Pimamaji naye alijua, hakunitaja mbele ya watu.

Ukitaka kumshtaki mtu, nishtaki mimi. Nitafika, njia ya mahakamani naijua sasa.

Mama yako

9 Juni

Shikamoo mama,

Nilicheka peke yangu, kisha nikaona haya. Muda wote huo umelibeba jambo hili kwa kuniogopa mimi, niliyezaliwa na wewe. Nisamehe.

Nimesaini. Nimeongeza kifungu cha tano kwa kalamu. Mwambie wakili asithubutu kukifuta.

Mwanao

21 Juni

Marahaba mwanangu,

Suluhu imerekodiwa leo. Vifungu vinne hakimu alivisoma mbiombio kama anayewahi chakula. Cha tano alikisoma taratibu: "Mama wa mdai hatalaumiwa na mtu yeyote kuhusu ramani, mdai mwenyewe akiwa wa kwanza." Akavua miwani, akamuuliza fundi kama anakubali. Pimamaji akasema, "Hicho ndicho nilichokuwa nakisubiri."

Basi kimeandikwa na kupigwa muhuri. Nililia hapo hapo mbele za watu, wala sikujali. Jumatatu fundi anaanza kutoboa mlango.

Karani aliniuliza nataka nakala ngapi. Nikamwambia mbili: moja ya faili la nyumba, moja ya kuweka chini ya mto wangu.

Mama yako