Chokaa ya Babako

Makadara, Mombasa

Mwanangu Mwanarusi,

Nakuandikia kwa mkono kwa kuwa nikikupigia simu babako huwa ubavuni mwangu. Hatujambo. Mirehani yako ya uani iligeuka manjano. Nikatia siki kwenye udongo, ukatoa povu, nikajua chokaa imezidi. Chokaa hutiwa mara moja kwa mwaka. Kumbe babako huitia kila asubuhi, kwa kuwa ya jana haikumbuki.

Usilie. Nimebadilisha udongo, na kwenye kopo lake la chokaa nimemtilia unga wa muhogo. Huunyunyiza kwa makini vilevile. Shomoro wakishuka kuula, hufurahi akaniambia, "Bibi, mwite mumeo aje aone."

Nami humjibu kwamba ameshaona.

Akuombeaye kheri,
Mamako