Mvi za Bibi Kwenye Mkeka

Batuli, uko? Nimetoka sasa hivi kwenye maonyesho ya Sundus.

Unaijua ile filamu yake ya mikoko na marehemu bibi yake wa Kipungani. Skrini ameitengeneza kwa mikeka aliyoisuka bibi mwenyewe. Watu walijaa, wanaume kwa wanawake.

Mara bibi akatokea, yuko uani anasuka ukili, kichwa wazi, mvi zote nje.

KICHWA WAZI, Batuli! Mbele ya wanaume!

Mamake Sundus, Bi Hadia, akainuka. Akavua leso yake mabegani akaitundika juu ya mkeka, amsitiri mamake. Picha ikaja juu ya leso. Mvi zile zile! Akaivuta huku, akaivuta kule, wapi.

“Zima, mwanangu. Mamangu hakutoka kitwa wazi maisha yake.”

Sundus masikini analia. “Mama, nilitaka wamjue alivyokuwa hasa.”

“Hapo alikuwa na wewe. Hakuwa na wao.”

Sundus akazima. Wanaume wakatoka, macho chini.

Nikadhani yameisha. Bi Hadia akafunga mlango, akaitoa leso. “Haya, tumebaki wanawake tupu. Washa.”

Bibi akarudi, anasuka. Bi Hadia akausogelea mkeka, akanyoosha kiganja azilaze zile mvi. Lakini mwanga wa projekta watoka nyuma yake, Batuli. Mvi zikamwangukia juu ya mkono.

Akabaki kuutazama mkono wake tu.