Theluji Ambayo Hatukuikanyaga: Kwa Baba Yetu, Orest Danylchuk

Mwaka umetimia, Baba, tangu asubuhi ile ya Februari ulipoketi kwenye kiti chako cha turubai, kule mwisho wa shamba la Bibi, ukatuambia tungoje jua.

Ulianza kwa kubeba nyaya katika kituo cha televisheni hapa Winnipeg, Kanada, ukaja kuwa mwongozaji. Miaka ishirini na mitatu uliongoza tamthilia za wengine, na mji wetu ukajifanya mji wa Marekani. Mlibadilisha namba za magari, mkapaka masanduku ya posta rangi ya buluu, mkatundika bendera isiyo yetu. Ukirudi ulimwambia Mama, "Leo nimeshinda huko Chicago, lakini baridi ni ileile ya kwetu."

Hukula kabla wabeba nyaya hawajapata sahani zao. Mifuko ya koti lako ilijaa glavu za kuwapa waliosahau zao.

Amri yako kali ilikuwa moja tu: theluji mpya isikanyagwe kabla ya kupigwa picha. Kila mtu azunguke, afuate uzio. Asubuhi ile Baba mdogo Bohdan, mpiga picha wako, alikutania akiwa juu ya paa la ghala.

"Kaka, na Mungu akishuka leo, naye azunguke?"

"Azunguke! Ana haraka gani?"

Tulicheka sote. Hii ilikuwa filamu yako mwenyewe, ya kwanza ambamo kijiji chetu kingeitwa kwa jina lake. Nani angethubutu kukuharibia?

Mama alitoka mlangoni kwa Bibi, ng'ambo ya shamba, na chupa ya kahawa, akaona kichwa chako kimeinama. Akatia mguu mmoja kwenye theluji.

"Wee shemeji! Zunguka!" Baba mdogo alipaza sauti. "Atatumeza wazima!"

"Mbona ameinama vile?"

"Anatazama kioo chake cha kamera. Si unamjua?"

Mama akaurudisha mguu. Kukatiza shambani ni dakika mbili. Kufuata uzio, theluji ikiwa magotini, zilikuwa kumi na nne. Alipofika, kahawa ilikuwa bado ya moto, na mkono wako umeshapoa.

Daktari alisema moyo ulisimama ghafla, hata tungekimbia tusingekuwahi. Kuna siku tunamwamini.

Mama alipokuwa anazunguka, jua lilitoka. Baba mdogo akapiga picha, maana ndivyo ulivyomfundisha. Filamu ilipokuwa inamaliziwa, Mama alimwambia, "Kile kipande kikate, Bohdan."

"Shemeji, nilikurudisha wewe; nisimnyime na hicho."

Wiki tatu hawakusemeshana. Mwishowe Mama alikubali, ila hakusema kwa nini. Filamu ilipoonyeshwa Toronto, watu walisimama wakaipigia makofi theluji ile nyeupe, isiyo na hata unyayo mmoja. Sisi tulitazama chini. Wao waliona uzuri. Sisi tuliona kwamba hakuna aliyekujia.

Leo tumepika pirohi, sambusa za kuchemsha zenye viazi, zile zako za kitunguu kingi, tukaenda shambani. Theluji mpya ilikuwa imeanguka. Baba mdogo akashika njia ya uzio, kwa mazoea. Mama akamvuta mkono.

"Si huko."

Akaingia shambani, katikati kabisa, nasi nyuma yake, mpaka pale kilipokuwa kiti chako. Tukamimina kahawa. Tulipogeuka, tukaona tulivyoichafua theluji yako, Baba, nyayo kila mahali. Tukasimama kidogo, kama watu wanaongoja kukaripiwa.

Unakumbukwa na mkeo Olena, mdogo wako Bohdan, binti zako Daria na Stefka, wakwe zako, na wote uliowavika glavu zako. Hatutakusahau, Baba, kila theluji mpya iangukapo, na siku zote.