Makayabu Nisiyoyatuma

Kasongo, tarehe 4 Juni 2023

Binti yangu Estelle,

Pokea salamu zetu za nyumbani. Unaendeleaje huko Salamabila, na kikohozi chako je? Wanafunzi wanakusikiliza? Sisi tuko wazima, ila goti langu limeanza tena tangu tuvune karanga.

Nimempa Ayoubu mfuko wako aulete kwa pikipiki yake. Wewe unamsifu, unasema hakuna motard mwangalifu kama yeye. Mimi nasema mwezi wa tatu karanga zilifika nusu, na panya hapandi pikipiki. Kwa hiyo soma vizuri. Ndani kuna mikate ya chikwangue sita, unga wa muhogo, karanga vikombe vitano, mawese chupa moja, na kitenge chako cha bluu. Hakuna kingine. Mdomo nimeushona mwenyewe kwa uzi mwekundu, mishono kumi na moja, na mwishoni nimetia kifungo cha koti la marehemu baba yako. Ukikuta mishono kumi, usimwambie asante.

Barua hii ataibeba ndani ya koti lake. Bahasha nimeibandika kwa bugali ili asichungulie.

Mama yako,
Louise

Salamabila, tarehe 12 Juni 2023

Mama mpenzi,

Natumaini goti limepoa. Kikohozi kimekwisha, ila moyo wangu hautulii. Mfuko haukufika. Barua yako imeletwa na Asani, motard mwenzake, kwa sababu Ayoubu amekamatwa.

Asani alikuwepo. Ilikuwa kwenye barieri moja ya polisi kabla ya Wamaza, na motards walikuwa watatu. Afisa alichukua mizigo yao yote akaenda nayo nyuma ya nyumba, wao wakaambiwa wabaki barabarani. Aliporudi alikuwa ameshika furushi la bangi. Akauliza, "Hii iko ya nani?" Akasema ameikuta katika mfuko wa Ayoubu, na kwamba mfuko ulikuwa wazi. Akaandika PV ya vitu alivyokuta peke yake, bila shahidi hata mmoja, akamtaka Ayoubu atie sahihi. Ayoubu akamwambia, "Siwezi tia sinyatire ku kitu sikuona." Basi wakamfunga mikono. Alipata tu nafasi ya kumpa Asani barua yako.

Mama, najua unavyomwona huyu mtu. Lakini ana mke, Yvette, na mapacha wa miezi mitatu, na watu wanasema atafungwa miaka. Yuko huko kwenu Kasongo, kwa mwendesha mashtaka. Nakurudishia barua yako. Nenda nayo, waone ulichofunga na ulivyoshona.

Binti yako,
Estelle

Kasongo, tarehe 19 Juni 2023

Estelle,

Salamu. Tuko wazima.

Unataka niende kwa mwendesha mashtaka niseme mfuko ule ni wangu? Mfuko uliotolewa bangi? Nikiingia pale nani atanitoa? Mimi ni kiongozi wa wamama wa parokia, na majirani hawangojei hukumu ndipo waseme. Nimeiweka barua ndani ya Biblia. Nitamwombea huyo mtu. Usiniombe zaidi ya hapo.

Mama yako

Salamabila, tarehe 26 Juni 2023

Mama,

Habari za afya? Hapa ni salama.

Sikulaumu. Hata mimi ningeogopa. Jana Yvette alikuja na watoto wote wawili mgongoni na kifuani. Hakuniomba kitu. Alitaka tu kujua kama wewe unafahamu gereza linapokea chakula siku gani.

Binti yako

Kasongo, tarehe 10 Julai 2023

Mwanangu Estelle,

Salamu tele, na ninakuandikia nikiwa na furaha. Barua hii unaipokea mkononi mwa Ayoubu mwenyewe. Mwangalie, amekonda kidogo tu.

Barua yako ya mwisho ilininyima usingizi siku tatu. Siku ya nne nilipeleka chakula gerezani, na kutoka hapo miguu ikanipeleka yenyewe kwa mwendesha mashtaka. Ni kijana mpole. Alinipa kiti, Ayoubu akaletwa, na yule afisa pia alikuwepo. Mwendesha mashtaka akasoma PV: chikwangue sita, unga, karanga, makayabu vipande vinne vya samaki wa chumvi, bangi furushi moja. Nikamkatiza. Nikasema, "Bwana, makayabu? Mutoto wangu akionja makayabu midomo inavimba tangu iko mudogo. Sijamutumia hata siku moja. Na mawese yangu iko wapi? Na kitenge?"

Nikampa barua. Akaisoma yote kwa sauti, mpaka pale pa panya na pikipiki, Ayoubu amesimama hatua mbili kutoka kwangu. Estelle, niliona haya mpaka jasho likanitoka.

Kisha mfuko ukaletwa. Nyuzi zangu nyekundu zilikuwa bado zimekaa kwenye tundu zake, zimekatwa kwa kisu, na kifungo cha baba yako kinaning'inia. Akamuuliza afisa, "Umeandika ulikuwa wazi. Uliukata mbele ya nani?" Afisa akakiri kwamba aliimwaga mizigo yote mitatu juu ya meza moja, akairudisha kwa kukisia. Mwendesha mashtaka akasema mzigo hufunguliwa mbele ya aliyeubeba, na kila kitu kinaandikwa papo hapo mbele ya mashahidi. Kwa vitu vilivyochanganywa namna ile, yeye hawezi kumfunga mtu. Akafunga faili. Nililia pale pale, sikujali nani ananiona.

Nje, Ayoubu akaniambia, "Mama, karanga za mwezi wa tatu nilikula miye. Mvua ilinishika Lusangi siku mbili, sikukuwa na kitu." Nikacheka mpaka goti likauma.

Leo asubuhi nilimpa mfuko mpya, mdomo wazi, nikamwambia sasa namwamini, sishoni tena. Alikataa kuupokea. "Hapana, Mama. Shona. Na uandike vyote." Basi nikashona, yeye kasimama nyuma yangu akitazama. Ndani kuna chikwangue sita, unga, mawese, na karanga vikombe vitano. Kikombe cha sita kiko katika koti lake, hicho ni chake. Mishono ni kumi na moja. Amehesabu mwenyewe.

Mama yako,
Louise

Nami nimeona: Ayoubu