Mchi Unaojibu Kutoka Mahame

Mwamini, mke mwenzangu,

Salamu zikufikie huko uliko, ingawa naona hujaenda mbali. Mwalimu wa chuo cha Kurani alinifundisha herufi hizi macho yangu yakiwa bado mazima.

Tangu tukuzike mengi yamegeuka. Serikali ya Wazungu imetutoa kijijini, imetupanga kando ya barabara ya Kasongo kama mahindi, ili msimamizi wa pamba tunayolimishwa atuone vizuri. Vijana walibeba milango, kuku, hata mafiga. Kinu chako kilikuwa kizito, wakakiacha mahame, kule kijijini tulikohama, karibu na kaburi lako. Niligomba, lakini nani anamsikiliza kikongwe?

Hapa natwanga mpunga peke yangu. Unakumbuka tulivyokuwa tukipishana, mchi wangu ukishuka wako ukipanda, huku tukimsengenya bwana wetu, Mungu amrehemu? Basi asubuhi moja nilisikia mchi wa pili, kule mahame. Nikadhani ni mwangwi. Nikasimamisha mchi wangu. Ule ukaendelea.

Mwanao Ramazani alienda kutazama. Alikuta majani yamefunika kila kitu, ila kinu chako ni safi ndani, na chini yake makapi mapya. Tangu siku hiyo hapiti njia ile, na mimi nimeacha kumcheka kwa woga wake.

Ningevumilia. Lakini juzi bintiye, yule tuliyempa jina lako, tulimkuta katikati ya njia ya mahame, mchi begani. Nilimuuliza anaenda wapi.

"Iko mutu anatwanga pekee yake," akasema. "Ananiita nimusaidie."

Leo hataki kula. Amekaa mlangoni, anasikiliza. Naogopa, Mwamini. Naogopa sana.

Nakujua, huna ubaya. Hata ulipoletwa mke wa pili, nami nikakununia mwaka mzima, ulinifuata kinuni ukasema, "Dada, kazi ya pekee yako inaua mutu." Ni upweke tu unaokusumbua. Lakini yule mtoto hata meno ya utoto hajamaliza kung'oa.

Kesho baada ya sala ya alfajiri nakuja na mchi wangu. Nitatwanga nawe, na kila nikipata nguvu nitarudi, serikali ipende isipende. Pumzika, mwenzangu, Mungu akulaze pema. Ila mtoto usimwite tena. Ukimwita, nitaitika mimi.

Dada yako,
Zaina